Raoul Coutard hakusomea kamera ya filamu, akaibadili sinema ya Ufaransa. Siri ilikuwa nini?

#1 Kamera_Mkononi
Wakuu salaam. Napiga video za harusi hapa Mwanza, mwaka wa tisa sasa. Wiki mbili hizi nimekuwa nikifuatilia kazi za Mfaransa mmoja, Raoul Coutard, na kuna jambo limenikaa kichwani.

Kwa wasiomjua: alizaliwa Paris 1924, akafariki Novemba 2016 akiwa na miaka 92. Alikwenda Indochina (Vietnam, Laos na Kambodia za leo) na jeshi, akakaa huko miaka kama kumi na moja akipiga picha za vita na kuuza kwa magazeti kama Paris Match. Picha za mnato, si filamu. Halafu rafiki yake wa huko vitani, Pierre Schoendoerffer, akamwita Afghanistan kwenye filamu iliyotoka 1958, La Passe du diable. Coutard akafunga safari akijua anakwenda kupiga picha za mnato. Kufika, kumbe ndiye mpiga picha mkuu wa filamu nzima! Kamera ya filamu alikuwa hajawahi kuishika.

Kiangazi cha 1959 akapiga filamu ya À bout de souffle ya mwongozaji Jean-Luc Godard, na tangu hapo picha za sinema hazikurudi zilikotoka.

Hoja yangu: alifaulu KWA SABABU hakusomea. Angepita mikononi mwa mafundi wa studio wa zama zile angefundishwa kwamba bila taa ishirini hupigi kitu. Yeye hakuna aliyemfundisha kuogopa. Mnasemaje?

#2 Kishada77
Kwa hiyo tuwaambie vijana wasisome? Hoja ya hatari hiyo mkuu.

#3 BintiNgamiani
Nimeiona À bout de souffle mara mbili. Kilichonishangaza ni kwamba chumba kinaonekana ni chumba. Dirisha ndilo linalotoa mwanga, si jua la kubandika. Lakini sijui kama hayo ni ya Coutard au ni ya Godard. Kwenye filamu mwongozaji ndiye anayeamua, au siyo?

#4 MzeeStudio
Kamera_Mkononi, salaam. Umekosea mahali pamoja, na ndipo penyewe hasa.

Coutard alikuwa na elimu, ila si ya filamu. Ujanani alitaka kusomea kemia, ada ikawa kubwa, akaingia kazini kwenye maabara ya picha. Mtu wa dawa huyo. Mimi nimekaa chumba cha giza miaka ishirini na mbili, Tanga na baadaye Moshi, na nikisoma habari zake namtambua kama ninavyomtambua fundi mwenzangu.

Godard alitaka kupiga usiku na ndani ya vyumba bila taa za sinema. Mikanda ya filamu ya wakati ule haikuwa na nguvu hiyo. Ilford walikuwa na mkanda uitwao HPS, mkali sana kwa mwanga mdogo, ila waliutengenezea wapiga picha za mnato. Uliuzwa kwa vipande vya mita 17 na nusu. Wakaviunga kimoja baada ya kingine mpaka wakapata roli ya kutosha kamera ya filamu! Matundu ya pembeni ya mkanda wa mnato hayakukubali kwenye kamera nyingi, lakini Caméflex, kamera ndogo ya Kifaransa, iliukubali. Kisha maabara ya GTC ikausafisha kwa dawa na muda tofauti na ule wa kawaida, mkanda wa ASA 400 (ASA ni kipimo cha ukali wa mkanda kwa mwanga) ukafanya kazi kama wa 800. Ukishausukuma hivyo unapata chembechembe na weusi mzito. Ule mchanga unaouona kwenye picha zake ni wa dawa.

Nyinyi wa siku hizi mnageuza kitufe tu. Sisi mkanda ulisafishwa katika giza totoro. Ile taa nyekundu mnayoiona kwenye filamu ni ya karatasi, si ya mkanda. Mkanda unaupapasa kwa vidole, unausikia unavyoingia kwenye kizungushio, unahesabu dakika kwa saa yenye mishale inayong'aa. Ukichelewa nusu dakika, harusi ya mtu imekwenda na maji. Anayetoka katika kazi hiyo haogopi giza, kwa kuwa analijua linapimwaje.

Kwa hiyo siri ni kemia.

#5 BintiNgamiani
Mzee, mita 17 na nusu ni kama muda gani kwenye skrini?

#6 MzeeStudio
Picha moja ya filamu ya milimita 35 inachukua matundu manne, sawa na milimita 19. Mita 17.5 ugawe kwa hiyo, unapata picha 921 hivi. Kwa mwendo wa picha 24 kwa sekunde ni sekunde 38. Kila baada ya sekunde 38 kuna kiungo. Fikiria mtu aliyeketi na kuviunga.

#7 Kishada77
Sekunde 38! Sasa naelewa kwa nini ile filamu inakatwakatwa.

#8 Mpenda_Sinema
Hapana Kishada, usichanganye. Kukatwakatwa kulifanyika mezani wakati wa uhariri, kwa kuwa filamu ilikuwa ndefu mno na Godard akaamua kupunguza ndani ya matukio yenyewe. Si kwa sababu ya mikanda.

Na nina masahihisho mengine, mnisamehe kwa urefu.

Kwanza, Binti ameuliza kama mwanga ule ni wa Godard. Godard hata hakumchagua Coutard. Alimtaka Michel Latouche, aliyempigia filamu fupi. Mtayarishaji Georges de Beauregard, aliyeitayarisha ile ya Afghanistan, ndiye aliyemleta Coutard. Historia yote hii imesimama juu ya uamuzi wa mwenye fedha.

Pili, mnamfanya Coutard kama ndiye wa kwanza kutoka studio na kuingia mtaani. Kabla yake yupo Henri Decaë. Mtazameni muigizaji Jeanne Moreau anavyotembea usiku barabara ya Champs-Élysées kwenye Ascenseur pour l'échafaud ya 1958. Mwanga ni wa madirisha ya maduka tu, kamera imewekwa kwenye kigari cha kusukumia mtoto. Decaë huyo huyo ndiye aliyepiga Les 400 coups. Kwa hiyo swali "siri ya Coutard ni nini" lina kasoro tangu mwanzo. Njia ilikuwa imeshafyekwa.

#9 Kamera_Mkononi
Asante kwa Decaë, nitamtafuta. Lakini Decaë alikuwa fundi wa siku nyingi. Coutard alikuwa mgeni kabisa, ndicho kinachonivutia.

Kuhusu vigari: Coutard naye kwa zile picha za Champs-Élysées alijificha ndani ya mkokoteni wa posta wa magurudumu matatu, wametoboa tundu la lensi na kurundika vifurushi juu. Wapita njia hawakujua. Na ndani ya nyumba alikaa kwenye kiti cha magurudumu cha wagonjwa, Godard mwenyewe akisukuma. Reli za kamera zilikuwa ghali na zinachukua muda kutandika.

Nikifikiria ukumbi ninaopiga mimi, MC anapiga kelele, watu wanapita mbele ya lensi na keki inakatwa bila kukusubiri, namwelewa kabisa.

#10 Nuru_ya_Pwani
Asalaam alaykum. Niko Lamu. Mmetaja mkanda, mkokoteni na mwenye pesa. Dari hamjaitaja!

Coutard alipanga taa za kawaida za picha, zile balbu kali, kwa mstari juu karibu na dari, akazigeuza zitazame dari badala ya kumtazama mtu. Mwanga unapiga dari nyeupe, unarudi chini umelainika, unaenea chumba kizima. Hakuna kivuli kigumu ukutani. Na kubwa zaidi, muigizaji anaweza kukaa, kusimama, kwenda dirishani, kurudi, na popote alipo mwanga upo. Studio ya zamani ilimwekea muigizaji alama ya chaki sakafuni: simama hapa, hapa ndipo taa yako ilipo. Godard alikuwa anaandika maneno ya waigizaji asubuhi hiyo hiyo. Nani angejua watasimama wapi?

Nilipolisoma hilo nikaiona nyumba ya bibi. Nyumba zetu za mawe vyumba ni virefu na vyembamba, madirisha machache. Mwanga unaingia kupitia kiwanda, yaani ule ua wa ndani, unapiga kuta za chokaa, unapita chumba kwa chumba. Ukifika chumba cha ndani kabisa umeshakuwa kama maziwa. Bibi alikuwa akisuka kofia huko ndani saa tisa alasiri bila taa, na ukimtazama uso unauona wote, kila mkunjo. Picha yake niliyoipiga 2003 kwa kamera ya kukopa ndiyo picha bora niliyowahi kupiga, na mimi si mpiga picha.

Kwa hiyo sikubali kuwa ni kutosoma, wala kemia. Ni mtu aliyekaa muda mrefu katika nyumba za watu na kuangalia mwanga unakaaje. Miaka kumi na moja Vietnam na Laos, alikuwa anaangalia.

#11 BintiNgamiani
Nuru, hiyo picha ya bibi tuwekee siku moja. Umenifanya nimkumbuke wangu.

#12 Nuru_ya_Pwani
Nitaiomba ruhusa kwa mama kwanza.

#13 Mtaa_wa_Pili
Dari nakubali, lakini kaka yangu ni mpiga picha wa habari na yeye angesema ni vita. Kwenye habari humwambii mtu "rudia". Kitu kikitokea kimetokea. Unajifunza kuwa tayari kabla hakijatokea, unabeba vifaa vichache, unapima mwanga kwa macho. Mtu wa namna hiyo ukimpa kamera ya filamu ataishika mkononi tu. Isitoshe Caméflex ilikuwa na kelele kiasi kwamba sauti hawakurekodi papo hapo, maneno yaliingizwa baadaye. Godard aliweza kuwasemesha waigizaji huku kamera inakwenda. Hiyo ni filamu iliyopigwa kama habari.

#14 Mpenda_Sinema
Ndugu Mtaa, ukiishia À bout de souffle hoja yako inasimama. Ukienda mbele inaanguka.

Chukua Le Mépris ya 1963. Rangi, skrini pana, nyumba ya Malaparte juu ya jabali la Capri, bahari chini. Kamera nzito, reli, kila kitu kimepangwa. Hakuna habari hapo. Chukua Week-end ya 1967, ile foleni ya magari: reli za karibu mita 300 zimetandikwa kando ya barabara, na kamera inatembea taratibu pembeni ya magari kwa dakika nyingi. Chukua Le Crabe-Tambour ya Schoendoerffer, 1977, manowari katika bahari ya kaskazini, mawimbi ya kijivu. Hiyo ndiyo iliyompa tuzo ya César ya upigaji picha. Na usisahau alimpigia Jacques Demy Lola, akampigia Truffaut Jules et Jim, tena Costa-Gavras Z, iliyopigwa Algiers ikijifanya Ugiriki. Filamu hizo hazifanani.

Mtu anayefanya yote hayo huwezi kumfungia kwenye "mpiga picha wa vita". Mimi nadhani siri yake ni kwamba hakuwa na mtindo. Alimpa kila mwongozaji kile alichohitaji, na kwa haraka.

#15 Kishada77
Kwa hiyo mpaka sasa tuna: kutosoma, kemia, mwenye fedha, dari, vita, na kutokuwa na mtindo. Nawasubiri wa saba.

#16 Mwana_Kolwezi
Jambo bandugu. Mi natoka Kolwezi, muji ya mine kule Kongo, sasa niko Lubumbashi. Munamuongelea huyu Coutard siku mbili na hakuna mutu anasema kitu moja: ni yeye alitengeneza filamu ya vita ya kwetu. La Légion saute sur Kolwezi, 1980. Pale hakukuwa tu mutu wa kamera, ni yeye mwongozaji.

Kwa wenye hawajue: mwezi wa tano 1978, wapiganaji ya FNLC, waasi ya Kongo, walitoka Angola, wakaingia Kolwezi tarehe 13. Tarehe 19 askari ya Légion ya Wafaransa wakaruka na parachuti, kesho yake Wabelgiji nao wakafika. Wazungu zaidi ya mia walikufa, na watu yetu, mamia. Baba yangu alikuwa anatumika Gécamines, kampuni ya mine. Tulikuwa tunakaa Manika, mutaa ya Kolwezi. Mi nilikuwa na miaka sita, nakumbuka tu chini ya kitanda, na sauti ya ndege.

Ile filamu hawakuipiga Kolwezi. Waliipiga Guyane, kule Amerika ya Kusini. Baba aliiona miaka ya tisini kwa kaseti ya jirani. Aliangalia kidogo, akasema: "Hii mwangaza si ya kwetu." Ni ile tu alisema. Mwezi wa tano kwetu mvua imekwisha, majani inaanza kukauka, vumbi ya mine iko juu ya kila kitu, jua inapita ndani ya vumbi na inakuwa kama shaba. Hiyo haiko mu ile filamu.

Sasa mi nauliza. Nuru anasema huyu mutu aliangalia mwangaza ya watu. Ya Vietnam aliangalia, nakubali. Ya kwetu hakukuja kuiangalia. Filamu inafuata askari na Wazungu. Mi nilitaka kuona Manika.

#17 Nuru_ya_Pwani
Ndugu Mwana_Kolwezi, pole kwa yaliyowapata, na asante kwa kutuambia. Sina cha kujibu hapo. Baba yako ameona kile ambacho wengi wetu tusingekiona.

#18 Mpenda_Sinema
Shukrani ndugu wa Kolwezi. Nilijua filamu hiyo ipo, na niliiruka makusudi kwenye orodha yangu kwa kuwa niliiona dhaifu. Haikuwa haki.

Niongeze kitu. Filamu yake ya kwanza kama mwongozaji ni Hoa-Binh ya 1970, kuhusu mtoto wa Vietnam wakati wa vita. Ilipata tuzo ya kazi ya kwanza Cannes na ikapendekezwa kwa Oscar. Pale alikuwa anapiga nchi aliyoishi, na alimweka mtoto katikati, si askari. Ukizilinganisha hizo mbili unaona tofauti ya mtu aliyekaa mahali na mtu aliyepata habari zake kwa wengine.

#19 Mwana_Kolwezi
Aksanti. Ile ya mtoto nitaitafuta.

#20 Mtaa_wa_Pili
Hili linanifanya niulize siasa zake. Godard baada ya 1967 alikwenda mrengo wa kushoto kabisa. Coutard alikuwa mwanajeshi wa zamani wa Indochina. Walikuwa wanaelewanaje?

#21 Mpenda_Sinema
Walielewana kazini tu. Baada ya Week-end hawakufanya kazi pamoja karibu miaka kumi na mitano. Walirudiana kwenye Passion, 1982, na Cannes ikampa Coutard tuzo ya ufundi kwa filamu hiyo. Mwaka uliofuata wakafanya Prénom Carmen, iliyochukua Simba wa Dhahabu kule Venice.

Passion inahusu mwongozaji anayetengeneza upya michoro maarufu kwa watu hai, na kila mara anasema mwanga si wenyewe. Filamu nzima inatafuta mwanga. Coutard alikuwa anakaribia sitini.

#22 MzeeStudio
Hapo mmenigusa. Mwanga si wenyewe. Nimeyasema maneno hayo maelfu ya mara.

Mpenda_Sinema, umesema hakuwa na mtindo. Mimi sikubali. Tazama weusi wake. Kwenye Alphaville, 1965, Godard alitaka mji wa siku zijazo bila kujenga hata ukuta mmoja. Wakapiga Paris ya usiku, majengo mapya ya vioo, kumbi za hoteli, kwa ule ule mkanda wa HPS. Uso unatoka gizani, unarudi gizani. Mtu mwingine angeweka taa pembeni kidogo "ili ionekane". Yeye aliacha. Kuacha ni mtindo.

#23 Dada_wa_Ukumbi
Samahani naingia katikati. Mimi ni mpambaji wa kumbi, Dodoma. Naomba wapiga video wote wasome uzi huu. Napamba siku mbili, vitambaa, maua, mishumaa, halafu anakuja mtu na taa moja kali ya usoni, bibi harusi anakuwa kama karatasi na nyuma yake ni giza. Kazi yangu haionekani kabisa. Harusi moja mwaka jana nililia.

#24 Kamera_Mkononi
Dada pole sana. Ila wateja nao wanataka hivyo. Mteja mmoja alinirudishia kazi kwa sababu shangazi yake alionekana mweusi. Nikamwambia shangazi NI mweusi, na amependeza. Hakunielewa, nikairudia yote kwenye kompyuta, usiku mzima, bila malipo.

#25 BintiNgamiani
Hilo la ngozi ni kubwa, linataka uzi wake. Mikanda yenyewe ya zamani ilipimiwa ngozi nyeupe.

#26 MzeeStudio
Kweli kabisa Binti. Karatasi ya kulinganishia rangi tuliyoletewa na mashine ilikuwa na mwanamke wa Kizungu. Ukifuata karatasi, bwana harusi anapotea na suti yake. Ilibidi tuongeze kwa jicho, kila picha. Fungua huo uzi, nitakuja.

#27 Kishada77
Tumetoka Paris tukafika Dodoma, bado hatujaambiwa siri ni ipi.

#28 Mtaa_wa_Pili
Mimi nabaki na vita.

#29 Mpenda_Sinema
Mimi narudia: mtazame mwanzo wa Le Mépris. Majina ya filamu hayaandikwi, Godard anayasoma kwa sauti. Mwanamke anatembea akija upande wetu, kamera inamfuata kwenye reli, na aliyekaa nyuma ya kamera hiyo ni Coutard mwenyewe. Anasogea taratibu mpaka anafika karibu, anapima mwanga, halafu anaigeuza lensi, anaiinamisha, inatutazama sisi. Kila nikiiona nasahau hoja zote.

#30 Kamera_Mkononi
Nimerudi na taarifa. Jumamosi nilikuwa na harusi, mwenye ukumbi akaniruhusu kufika mapema. Nikazigeuza taa zangu nne zitazame dari kama alivyosema Nuru. Dari yenyewe ni ya mbao zilizopakwa kijani! Nyuso zote zikawa kijani, hata keki. Ilikuwa saa nane mchana, wageni wanaanza kuingia saa kumi na mbili.

Mpambaji wa ukumbi ule alikuwa na vitambaa vyeupe vilivyobaki. Tukapanda ngazi, tukavifunga juu ya meza kuu, mita sita kwa nne hivi. Nikawasha.

Mama mzazi wa bibi harusi alipoketi nikamsogelea na kamera bila taa ya usoni. Alikuwa amevaa kitenge cha zambarau na hereni ndogo za dhahabu. Alikuwa anafuta jicho kwa kidole cha mwisho, akidhani hakuna anayemwona, na mwanga ulikuwa umefika mpaka ndani ya kiganja.

Mteja bado hajaiona. Naipeleka Alhamisi.

#31 Dada_wa_Ukumbi
Vitambaa vyetu! Alhamisi tunakusubiri hapa hapa.

#32 MzeeStudio
Umepima ngapi kwenye uso wa yule mama? Na nyuma yake ngapi? Niandikie namba zote mbili.